Kushinda Kesi, Kungoja Pesa

Walimu wa Kenya waliostaafu kuanzia mwaka 1997 walishinda kesi yao katika Mahakama Kuu ya Nakuru mwaka 2008. Walikuwa wakidai nyongeza ya pensheni iliyotokana na makubaliano ya mishahara ya 1997. Baada ya ushindi wakaanza kungoja, na wapo waliozikwa wakiwa bado wanangoja.

Mstaafu wa namna hii humuuliza wakili wake: mbona hafungwi mtu? Jibu huudhi. Deni peke yake halimpeleki ofisa wa serikali jela.

Aliyefanya kazi katika kampuni binafsi ana afueni kidogo. Dalali wa mahakama hufika langoni, akaorodhesha magari, meza na kompyuta, akampa mwajiri siku 7 alipe, la sivyo mnada. Serikalini dalali hagusi hata kiti. Kifungu cha 21 cha Sheria ya Mashauri ya Serikali kinazuia mali ya umma isikamatwe, na kinaongeza kwamba hakuna mtu atakayebebeshwa deni la serikali yeye binafsi.

Basi mstaafu huzunguka. Siku 21 zikipita baada ya hukumu, huomba mahakamani cheti cha amri kinachotaja kiasi anachodai, akakifikisha kwa Mwanasheria Mkuu. Kimya kikizidi, hurudi mahakamani kuomba amri ya kumshurutisha katibu wa wizara, ambaye ndiye mwenye dhamana ya malipo, atimize wajibu wake. Hapo ndipo mambo hugeuka. Katibu akiipuuza amri hiyo, kosa lake si deni tena bali ni kuidharau mahakama, na kosa hilo ni lake mwenyewe.

Kulithibitisha si lelemama. Katika kesi ya Mutitika dhidi ya Baharini Farm, ya mwaka 1985, Mahakama ya Rufaa ilitaka ushahidi mzito kuliko wa madai ya kawaida, unaokaribia ule wa jinai. Amri iwe wazi, mhusika awe ameijua, kisha awe ameikaidi kwa makusudi. Hilo la makusudi ndilo kichaka cha wengi: bajeti imeisha, Hazina haijatoa fedha. Katibu mwenye nakala za barua alizoiandikia Hazina kuombea fedha hizo ana la kujitetea. Aliyekaa kimya miezi kadhaa hana.

Mwaka 2016 Bunge liliwapa maofisa hawa kinga zaidi kwa sheria mpya: wapewe kwanza ilani ya siku 30 kabla ya kushtakiwa kwa dharau. Novemba 2018 Jaji Chacha Mwita aliibatilisha sheria hiyo yote, akisema umma haukushirikishwa ipasavyo na kwamba iliingilia uhuru wa mahakama.

Upande wa wafanyakazi, rungu hili la dharau ya mahakama limewahi kushuka upesi. Februari 2017 viongozi 7 wa chama cha madaktari walifungwa mwezi mmoja kwa kutositisha mgomo, uliohusu mkataba wa 2013 ambao haukuwa umetekelezwa. Mahakama ya Rufaa iliwaachilia baada ya siku chache tu, lakini gereza walikuwa wameshalionja, jambo ambalo makatibu wengi wenye madeni ya wastaafu hawajalionja.

Tatizo jingine ni uhamisho. Katibu hupelekwa wizara nyingine kesi ikiwa imeiva, na mrithi wake hudai hakuwahi kuiona amri. Ndiyo maana mawakili wazoefu huielekeza kwa cheo, kisha humfikishia nakala yenye onyo la adhabu yeyote anayekikalia kiti hicho, na kutunza ushahidi wa siku aliyoipokea.