Nukata Hakupiganiwa na Mtu

Kila ushairi wa kale wa Japani unapozungumzwa, naulizwa lilelile: ni kweli Mfalme Tenji alimpora mdogo wake mke, hata ndugu wakapigana vita kwa ajili ya malenga Binti Mfalme Nukata? Si kweli, na nimechoka kulijibu kwa upole.

Vita vinavyotajwa ni vya Jinshin, vya mwaka 672. Vilipozuka, Tenji alikuwa marehemu! Mdogo wake, Tenmu, alipigana na Ōtomo, mtoto wa Tenji, wakigombea kiti. Mwaka 671 Tenji alimpa mwanawe uwaziri mkuu. Tenmu akajitenga Yoshino kwa jina la utawa, na kaka alipofariki akatoka na jeshi. Mwanamke yuko wapi hapo? Nukata alikuwa upande wa walioumia. Tōchi, binti aliyemzalia Tenmu, alikuwa mke wa Ōtomo. Baba akamshinda mkwewe, mkwe akajiua.

Uvumi umesimama juu ya mashairi mawili ya mwaka 668, siku ya mawindo ya kifalme huko Gamō. Nukata anamkanya mwanamume anayempungia, asije akaonwa na mlinzi. Tenmu anajibu kwa maneno ya mapenzi kwa mke wa mtu. Watu wakishasoma hapo husema siri imefichuka. Siri gani hiyo inayotiwa katika diwani? Wakusanyaji wa Man'yōshū, diwani yenye mashairi hayo, walikuwa na fungu la mashairi ya mapenzi, na haya hawakuyaweka humo. Waliyaweka pamoja na ya safari na hafla za mfalme. Ndiyo maana wengi wetu tunayasoma kama utani wa hadharani kati ya watu wazima waliokwisha kuzaa pamoja.

Nihon Shoki, historia rasmi ya mwaka 720, inamtaja kama mke wa Tenmu na mama wa Tōchi, basi. Kati ya wake wa Tenji inaowaorodhesha, yeye hayumo. Liko shairi ambalo utangulizi wake unasema alimtamani Tenji, nami silifichi. Lakini kumtamani mfalme hakuzushi vita.

Kinachonikera zaidi ni kwamba kisa hiki kinameza kazi yake. Mwaka 661, merikebu za Malkia Saimei zikielekea kuisaidia Baekje, huko Korea, shairi la kung'oa nanga Nikitatsu limeandikwa kwa jina la Nukata. Baraza lilipohamia Ōmi mwaka 667, aliuaga mlima Miwa. Tenji alipokufa, aliomboleza. Huyu alikuwa malenga wa dola.

Ukitaka kumsoma, anza na juzuu ya kwanza ya Man'yōshū, toleo lenye maelezo. Soma utangulizi wa kila shairi kwanza, tazama limewekwa fungu gani, kisha lisome kwa sauti. Riwaya na tamthilia ziache baadaye. Mashairi yake hayazidi 13. Tafadhali yasome kwanza, ndipo uniulize.