Kwa nini dawa humuua bakteria ikakuacha wewe

Ukishuka Gazi, kijiji kilichoko kando ya barabara itokayo Ukunda kwenda Msambweni, ukateremka hadi kwenye mikoko wakati maji yamekupwa, utapokewa na harufu ya yai viza. Wageni wanaotembea juu ya ujia wa mbao unaosimamiwa na kina mama wa kijiji hicho hudhani kuna mtu amemwaga uchafu. La. Harufu hiyo ni kazi ya bakteria wanaoishi katika tope jeusi lisilopata hewa. Kwa kuwa oksijeni haiwafikii, wao hutumia salfeti iliyomo katika maji ya bahari kuendeshea maisha yao, na mabaki ya kazi hiyo ndiyo gesi inayonuka.

Sasa tazama, msomaji, ni nani wengine wanaokaa katika tope hilo hilo. Upo mkoko wenyewe, upo mchu, yupo kaa, yupo chaza, na yupo kijana aliyekuja kuwatafuta kaa hao. Ukiulizwa ni yupi asiyefanana na wenzake, pengine utasema ni mti, kwa sababu hautembei. Mwenye hadubini atakujibu vingine. Mti, kaa, chaza na kijana ni ukoo mmoja kwa jinsi seli zao zilivyojengwa. Mgeni hapo ni bakteria.

Seli ndizo matofali ya kila kilicho hai, na wataalamu huzigawa katika mafungu mawili makubwa. Zisizo na kiini huitwa prokarioti. Hao ni bakteria na jamaa zao waitwao akea, ambao Carl Woese wa Marekani alionyesha mwaka 1977 kwamba ni ukoo wa peke yao. Akea hatuna ugomvi nao hospitalini, kwa hiyo tuwaache. Zenye kiini huitwa yukarioti, na humo wamo wanyama, mimea, kuvu, minyoo, na pia kimelea cha malaria. Kumbuka huyo wa mwisho, kwani ndiye anayetuletea taabu kubwa.

Kwa daktari, mpaka huu si somo la darasani tu. Hutokea hivi: mtoto anashikwa na homa jioni. Nyumbani kuna vidonge vya rangi mbili vilivyobaki baba alipougua kikohozi. Mtoto anapewa kimoja usiku na kingine asubuhi. Homa inapungua kidogo, kwa sababu homa ya malaria huja na kuondoka, na kila mtu anaamini dawa imefanya kazi. Siku ya tatu mtoto anaingia degedege. Kile kidonge kilikuwa kizuri kabisa, na hakikuwa kimepitwa na wakati. Kilitengenezwa kubomoa kitu ambacho kimelea cha malaria hakinacho.

Fikiri nyumba mbili. Ya kwanza ni kibanda cha chumba kimoja: jiko, kitanda, mtungi wa maji na hati za shamba, vyote vimo humo humo. Ndivyo alivyo bakteria. DNA yake, yaani maandishi ya urithi yanayoiambia seli ifanye nini, imekunjwa tu pale katikati, aghalabu ikiwa duara moja. Nyumba ya pili ni ile kubwa ya Kiswahili yenye vyumba vingi, kila chumba na kazi yake, na chumba cha ndani kabisa ambamo hati zimefungiwa kwenye kasha. Kasha hilo ndilo kiini. Humo mwanadamu amehifadhi kromosomu 46, na DNA ya seli moja tu ikinyooshwa hufika kama mita 2.

Ukubwa nao hutofautiana. Bakteria wengi wana urefu wa maikromita 1 hadi 5 hivi, na maikromita moja ni sehemu ya elfu ya milimita. Seli nyingi za mwili wako ni kubwa kuliko hizo mara nyingi. Usidanganyike lakini na chembe nyekundu ya damu, ambayo haina kiini. Ilikuwa nacho ilipokuwa ikikua ndani ya uboho, kisha ikakitoa ili ipate nafasi ya kubeba oksijeni. Nyumba iliyotolewa kasha haigeuki kuwa kibanda.

Tofauti iliyookoa watu wengi zaidi ni ukuta. Kibanda cha bakteria kimezungushiwa ukuta wa vitu viitwavyo peptidoglaikani, na ukuta huo humzuia bakteria asipasuke maji yanapomwingia. Katika mwili wako wote hakuna hata punje ya peptidoglaikani iliyojengwa nawe. Alexander Fleming alipoona London mwaka 1928 kwamba kuvu lililoota kwenye sahani yake limewaua bakteria waliolizunguka, hakujua bado kwamba dawa ile, penisilini, huwazuia bakteria kuunganisha matofali ya ukuta wao. Bakteria anaendelea kukua, ukuta haukui naye, mwishowe anapasuka. Amoksilini, ambayo ndiyo hasa imo katika vidonge vingi vya rangi mbili, ni ya ukoo huo wa penisilini. Seli yako haina ukuta wa namna hiyo, na kimelea cha malaria vilevile hakina. Dawa inapita karibu yao kama fundi aliyeagizwa kubomoa ukuta akakuta hakuna ukuta.

Dawa nyingine hulenga ribosomu, vile viwanda vidogo vinavyotengeneza protini. Viwanda hivyo vimo katika seli zote, za bakteria na zako, lakini havikuundwa kwa ramani moja. Vya bakteria ni vidogo zaidi na vina pembe zake. Erithromaisini, doksisaiklini na jentamaisini hushika pembe hizo, na kwa sehemu kubwa haviwezi kushika vyako.

Nasema kwa sehemu kubwa, na hapa ndipo mambo yanapopendeza. Ndani ya seli zako mna vijichumba viitwavyo mitokondria, vinavyochoma chakula kwa oksijeni ili upate nguvu. Vijichumba hivyo vina DNA yao wenyewe ya duara, na vina ribosomu zinazofanana na za bakteria kuliko zinavyofanana na zako. Mwaka 1967 Lynn Margulis wa Marekani alitoa makala akitetea kwamba mitokondria ni wazao wa bakteria waliomezwa na seli nyingine zama za kale, wakaachwa waishi humo kama wapangaji. Wengi walimbeza. Leo ndilo fundisho linalokubalika, na majani ya mikoko ya Gazi yana wapangaji wawili: mitokondria, na kloroplasti inayonasa mwanga wa jua, ambayo nayo ilikuwa bakteria.

Mpangaji huyu hueleza baadhi ya madhara ya dawa. Sindano za jentamaisini na jamaa zake zinaweza kuharibu masikio, na wako watu waliorithi kwa mama zao, kwa kuwa mitokondria hurithiwa kwa mama, badiliko dogo linalofanya ribosomu za mitokondria zao zifanane zaidi na za bakteria. Mtu kama huyo anaweza kupoteza usikivu kwa dozi ambayo jirani yake ataistahimili. Kama mamako, mjomba wa upande wa mama au nduguyo aliziba masikio baada ya sindano, mwambie daktari kabla hujadungwa.

Msomaji mwerevu atanishika hapa. Atasema: mbona watalii wa Diani humeza doksisaiklini kila siku ili wasipate malaria, na wewe umesema hiyo ni dawa ya bakteria? Ni kweli wanaimeza, na inawakinga. Sababu ni kwamba kimelea cha malaria nacho kina mpangaji wa ziada, kijichumba kiitwacho apikoplasti. Hicho ni mabaki ya mwani mwekundu uliomezwa na babu za kimelea, na mwani huo ulikuwa tayari una kloroplasti, yaani bakteria ndani yake. Ni kama kufungua kasha ukakuta kasha lingine. Kimelea hakitafuti tena mwanga wa jua, lakini bado kinahitaji vitu vinavyotengenezwa humo, na ribosomu za humo zina pembe zile zile za bakteria. Doksisaiklini huzishika.

Lakini angalia namna inavyoua. Kimelea kilichomezewa dawa leo hakifi leo. Kinaendelea kuzaana, na ni wazao wake ndio wanaotoka wakiwa na apikoplasti mbovu, wakafa. Kwa mtalii anayejikinga kabla ya kuugua, mwendo huo unatosha. Kwa mtoto mwenye homa kali huko ni kuchelewa mno, na ndiyo maana doksisaiklini haitumiwi peke yake kutibu malaria, wala watoto wadogo na wajawazito hawapewi kwa ajili hiyo. Dawa ya kwanza ya malaria isiyo kali hapa Kenya, iliyoanza kutumika hospitalini mwaka 2006, ni artemetha-lumefantrini, ambayo wengi huiita Coartem. Artemetha huamshwa na madini ya chuma yatokayo katika damu ambayo kimelea kimeila, hivyo huwaka ndani ya tumbo la mla damu mwenyewe.

Matende na mabusha yametoa mfano mwingine wa ajabu, nayo ni maradhi ambayo watu wa Kwale hawahitaji kuelezwa. Mnyoo unaoyaleta huenezwa na mbu na hukaa katika mishipa ya limfu. Ni yukarioti, mnyama kamili mwenye misuli na tumbo, kwa hiyo hungetarajia dawa ya bakteria imsumbue. Kumbe ndani ya seli zake hukaa bakteria aitwaye Wolbachia, na mnyoo hauwezi kuzaa bila yeye. Mgonjwa akimezeshwa doksisaiklini kwa wiki kadhaa, Wolbachia hufa, mnyoo hugeuka tasa, na baadaye hufa nao polepole. Matibabu hayo ni marefu mno kwa kugawa mlango hadi mlango, na ndiyo sababu kampeni zilizoanza huku Pwani mwanzoni mwa miaka ya 2000 zilitumia DEC na albendazoli. Mnyoo wa kichocho, unaojulikana sana Msambweni, tunautibu kwa prazikwanteli.

Tuje jikoni. Maziwa yakilala yakaganda, hiyo ni kazi ya bakteria. Hamira inayoumua mahamri ni kuvu, na kuvu ni yukarioti, jamaa wa karibu nasi kuliko mti ulivyo. Ukaribu huo ndio unaotupa shida kutibu kuvu, kwa maana dawa inayomuumiza jamaa yako yaweza kukuumiza na wewe. Dawa za kuvu ni chache, na ketokonazoli ya kumeza iliwekewa vikwazo Ulaya na Marekani mwaka 2013 kwa kuharibu ini. Choa hakiponi kwa vidonge vya rangi mbili hata ukimeza debe. Na mwanamke aliyemaliza dozi ya amoksilini akaanza mwasho na uchafu mweupe mzito sehemu za siri asidhani ameambukizwa na mtu. Mara nyingi dawa imewaua bakteria wema waliokuwa wakilinda mahali pale, na kuvu, ambalo dawa haiwezi kuligusa, limepata uwanja.

Virusi hawamo katika mafungu haya mawili, kwa sababu si seli. Mafua, kidingapopo kilichozuka Mombasa mwaka 2013 na chikungunya iliyofika huko mwishoni mwa 2017 havina ukuta wa kubomolewa wala ribosomu za kushikwa.

Watu huniuliza: ikiwa dawa haikusaidia, si basi tu, imepita? Haikupita. Tumboni mwako wamo bakteria wengi mno, na kila kidonge huwachuja, wanyonge wakafa na wakaidi wakabaki. Aina nyingine za bakteria zikipata joto na chakula hugawanyika kila dakika 20. Mmoja akianza saa 4 usiku, kufikia saa 11 alfajiri anaweza kuwa na wazao zaidi ya milioni 2. Isitoshe, bakteria ana desturi ambayo seli zetu hazina: hubeba vijipete vya DNA mbali na ile kubwa, na huweza kumpa jirani kijipete chenye ujuzi wa kuishinda dawa, hata kama jirani huyo ni wa aina nyingine. Ujuzi uliopatikana kwa bakteria wa tumboni asiye na madhara unaweza kuhamia kwa yule wa homa ya matumbo. Watafiti wa KEMRI wamekuta Nairobi bakteria wa homa ya matumbo wasiosikia ampisilini, klorafenikoli wala Septrin, zote kwa pamoja.

Basi mtu atajuaje ana kipi? Kwa malaria, mtaalamu wa maabara hupaka tone la damu kwenye kioo, akalitia rangi ya Giemsa na kulitazama kwa hadubini. Kimelea kichanga huonekana ndani ya chembe nyekundu kama pete nyembamba ya buluu yenye kito chekundu. Kito hicho ndicho kiini chenyewe. Bakteria wa homa ya matumbo hawaonekani hivyo, kwa kuwa katika damu huwa wachache sana. Lazima damu ioteshwe maabara kwa siku kadhaa. Kipimo cha Widal, ambacho hupendwa sana kwa sababu majibu hutoka upesi, hakimtafuti bakteria. Hutafuta kinga ambayo mwili uliitengeneza dhidi yake, pengine miaka iliyopita, pengine dhidi ya kijidudu kingine kinachofanana naye.

Ukiambiwa una homa ya matumbo kwa Widal moja, uliza kama umepimwa malaria, na kama damu yako inaweza kuoteshwa. Damu hiyo itolewe kabla hujameza kidonge chochote cha kuua bakteria, kwani hata dozi moja huweza kuwazuia wasiote, majibu yakarudi matupu ilhali wamo.