Katoto na Kitoto: Udogo wa Mapenzi Darasani

Katika Kiswahili sanifu udogo huonyeshwa kwa kiambishi ki-. Udogo huo huweza kuwa wa mapenzi, kama katika "kitoto changu", au wa dharau, kama katika "kijitu". Kinyakyusa, lugha ya nyumbani kwa watoto wengi wa Ndandalo, hutumia ka- kwa umoja na tu- kwa wingi. Ndiyo maana mtoto wa darasa la kwanza husema, "Katoto ketu kamelala," akimtaja mdogo wake kwa upendo.

Tumewaona wanachuo, katika mazoezi ya kufundisha, wakimkatiza mtoto huyo na darasa zima likamcheka. Siku hiyo hakujifunza ki-, alijifunza kunyamaza.

Tunashauri hatua tatu. Kwanza, mwalimu aipokee habari yenyewe: "Vizuri, mwanangu." Pili, amjibu kwa lugha sanifu bila kumkaripia: "Kitoto chenu kimelala wapi?" Tatu, darasa zima lifanye zoezi: katoto ketu, kitoto chetu, tutoto twetu, vitoto vyetu.

Yafaa tukumbuke kwamba kosa ni la kiambishi tu. Mapenzi ya mtoto hayana kosa.