Je, Wajua? Kipi Kitangulie Darasani

Je, wajua kwamba ujumbe wa simu uliwahi kuwasaidia watoto wa Kwale, pwani ya Kenya, kusoma? Kati ya 2010 na 2012 watafiti waliingia katika shule za msingi 101 za Kwale na Msambweni. Walikuta walimu wengi wakianza na neno zima: linaandikwa ubaoni, mwalimu analitamka, darasa linaitikia kwa pamoja. Mtoto anaweza kuitikia hivyo muhula mzima bila kujua herufi ipi ina sauti gani.

Basi walimu wa karibu nusu ya shule hizo wakapewa semina, mwongozo wa kufundisha sauti za herufi hatua kwa hatua, na kila wiki ujumbe kwenye simu: dokezo la somo, neno la kutia moyo. Aliyejibu alitumiwa salio kidogo. Wanafunzi wao walipiga hatua katika kusoma na tahajia, na walioacha shule walikuwa asilimia 2.1, ilhali kwingine walifika 5.3.

La kushangaza zaidi ni kwamba utafiti huohuo uliwapima watoto malaria kila muhula na kuwatibu waliokutwa nayo. Upungufu wa damu haukubadilika, wala usikivu wao darasani.

Mimi nawaza chuoni, kwenye madrasa ya Kurani. Mtoto wa Msambweni huketi mkekani na kuanza na alifu, be, te, ndipo aunganishe herufi na irabu. Maarifa hayo ya herufi moja moja yalikuwapo hatua chache tu kutoka shuleni, na yalistahili kuulizwa mapema.

Je, wajua kwamba mwanaanthropolojia Jean Lave wa Marekani alijifunza mengi kuhusu elimu kwa mafundi cherehani? Miaka ya 1970, Monrovia nchini Liberia, aliona mwanagenzi akianzia mwisho wa kazi: vifungo, upindo, pasi. Kushona vipande hufuata. Kukata kitambaa huja mwisho kabisa, maana kosa la sindano hufumuliwa, la mkasi ni hasara. Akishika mkasi, mwanafunzi ameshaijua suruali nzima kwa vidole vyake. Fundi yeyote wa Ukunda atauelewa utaratibu huo bila kufafanuliwa.

Je, wajua kwamba tangu ripoti ya Tume ya Gachathi, 1976, Kenya imeshauriwa kufundisha darasa la kwanza hadi la tatu kwa lugha ya eneo la shule? Huko Kwale, lugha ya Kinango ni Kiduruma, ya Msambweni Kidigo. Diani, penye watu wa kila kabila, Kiswahili hushika nafasi. Wanaisimu huziweka lugha zote tatu katika kundi moja, Sabaki, pamoja na Kipokomo na Kikomoro. Mtoto wa Kidigo akikutana na Kiswahili amekutana na ndugu. Kiingereza ndicho kigeni kwake, na ndicho kilicho kwenye karatasi ya mtihani wa hesabu na sayansi.