Shilingi 6,149 za Mwezi wa Kwanza

Mteja mmoja alikuja ofisini kwangu karibu na Barabara ya Kenyatta, mkononi ana taarifa ya mkopo aliyochapishiwa na benki yake asubuhi hiyohiyo. Ni mhandisi, mkewe ni muuguzi, na wanalea watoto wao katika fleti ya vyumba vitatu huko Kileleshwa. Kwa miaka mitano hawajakosa kulipa hata mwezi mmoja. Alikuwa amepita benki kuuliza tu amebakisha kiasi gani. Kabla hajaketi akaniambia, "Mama, nimeibiwa."

Hakuwa ameibiwa. Nilipiga hesabu upya mstari kwa mstari na kila shilingi ilikuwa mahali pake. Kilichomuumiza ni jambo ambalo mtu alipaswa kumkalisha chini na kumweleza kabla hajatia sahihi, na kwa kuwa wanaokuja kwangu na uchungu kama wake ni wengi, nimeona nilieleze hapa kwa utulivu.

Nitatumia namba za mviringo zinazokaribiana na zake. Fleti ni ya shilingi milioni 10. Milioni 2 zilitoka mfukoni mwao kama malipo ya awali, na benki ikatoa milioni 8 kwa riba ya asilimia 14 kwa mwaka, zilipwe kwa miaka 20. Awamu ya kila mwezi ikawa shilingi 99,482. Namba hiyo ndiyo ambayo karani wa mikopo huizungushia duara kwa kalamu, na ndiyo ambayo mkopaji huenda nayo nyumbani na kuipima kando ya mshahara, karo na nauli. Wakiona inatosha, wanasema nyumba tumeipata.

Sasa itazame awamu ya kwanza kwa ndani. Asilimia 14 kwa mwaka ni kama asilimia 1.17 kwa mwezi. Ya milioni 8, hiyo ni shilingi 93,333. Riba hukatwa kwanza. Kinachosalia katika zile 99,482 ni shilingi 6,149, na hizo peke yake ndizo zinazogusa deni. Mwezi wa pili benki inatoza riba kwa salio jipya, lililopungua kwa hizo 6,149, kwa hiyo riba inashuka kwa shilingi 72. Shilingi 72 hizo zinahamia upande wa kupunguza deni. Mwezi wa tatu zinahamia nyingine kidogo. Mkopo wa nyumba huanza hivyo, kama mtungi unaojazwa kwa matone, na kasi huja mwishoni wakati mkopaji ameshazeeka nao.

Baada ya miaka mitano mteja wangu alikuwa amelipa karibu shilingi 5,970,000. Salio lake lilikuwa karibu 7,470,000. Yaani katika takriban milioni sita alizotoa, deni lilikuwa limepungua kwa shilingi 530,000 tu. Nilipomwonyesha mbele zaidi alinyamaza kabisa: mwaka wa kumi, nusu ya safari, atakuwa ametoa karibu milioni 12 na bado atadaiwa milioni 6.4. Deni litafika nusu yake, milioni 4, baada ya miaka 15 na miezi mitano. Akimaliza miaka yote 20, atakuwa amelipa karibu shilingi 23,876,000 kwa mkopo wa milioni 8.

Hapa lazima niwe mwadilifu kwa upande wa pili. Shilingi ya mwaka wa ishirini si shilingi ya leo. Mkate, nauli na mshahara vyote vitakuwa vimepanda, na awamu ya 99,482 inayokaba leo itakuwa nyepesi zaidi siku hizo. Mtu akikutisha na milioni 24 bila kukuambia hilo, hajakupa hesabu kamili. Lakini wepesi huo unakuja mwishoni, na uzito uko mwanzoni, miaka ileile ambayo watoto ni wadogo na kazi bado haijatulia. Kodi ya fleti ya bei hiyo Kileleshwa au Kilimani aghalabu huwa kati ya 50,000 na 70,000 kwa mwezi. Kwa hiyo mkopaji analipa zaidi ya mpangaji jirani yake kwa miaka mingi kabla ya hesabu kuanza kumwelekea yeye. Huenda bado akaamua kukopa, kwa sababu nyumba ni utulivu na urithi, na sitamkataza. Nataka tu ajue anachonunua. Anainunua nyumba, na pamoja nayo anaununua muda.

Na muda una bei ya ajabu. Mkopo uleule wa milioni 8, kwa riba ileile ya asilimia 14, ukiuchukua kwa miaka 25 awamu inashuka hadi shilingi 96,301. Umepunguziwa shilingi 3,181 kwa mwezi, pesa ya manunuzi ya Jumamosi moja sokoni Kangemi. Punguzo hilo dogo litakugharimu shilingi milioni 5 zaidi kufikia mwisho. Ukienda upande wa pili, ukachukua miaka 15, awamu inakuwa 106,539. Umeongeza kama shilingi 7,000 kwa mwezi, na umeokoa milioni 4.7. Karani anapokwambia "tukuongezee miaka mzigo upungue," mwambie akuandikie jumla ya kila mpango, miaka 15, 20 na 25, kwenye karatasi moja. Kwa riba kama zetu, miaka ya ziada baada ya 20 haipunguzi mzigo wowote wa maana.

Hadi hapa nimejifanya kwamba riba imetulia. Nchini Kenya haitulii, na hili ndilo linalonikosesha usingizi zaidi kuliko lile la kwanza. Mikopo mingi ya nyumba hapa ina kifungu kinachoipa benki ruhusa ya kubadilisha riba. Kiwango cha Benki Kuu kilikuwa asilimia 7 kuanzia Aprili 2020. Kufikia Februari 2024 kilikuwa asilimia 13. Kikaanza kushuka Agosti 2024, na katikati ya 2025 kilikuwa chini ya asilimia 10. Mtu aliyekopa akiwa chini ya mlima alijikuta juu yake ndani ya miaka minne, akiwa na nyumba ileile na mara nyingi mshahara uleule.

Chukua mkopo wetu mwaka wake wa pili unapoisha. Salio ni kama 7,831,000. Riba ikipanda kutoka 14 hadi 17, riba ya mwezi mmoja peke yake inakuwa karibu shilingi 110,900. Hiyo inazidi awamu nzima ya 99,482. Benki ikikuongezea awamu, utatakiwa ulipe karibu 116,500, yaani 17,000 zaidi kila mwezi. Isipokuongezea, wewe ukaona awamu haijabadilika na ukafurahi, basi kila mwezi unalipa na deni linakua. Kwa kweli haihitajiki hata asilimia 17: riba ikigusa kama 15.25, awamu ya zamani inalipa riba tupu na deni linasimama palepale. Nimeona mikopo iliyotangazwa ya miaka 20 ikawa ya miaka 27 kwa njia hii ya kimyakimya.

Sheria haikukuacha mkono mtupu. Sheria ya Ardhi ya 2012 inaitaka benki ikupe notisi ya maandishi ya angalau siku 30 kabla ya kubadilisha riba, na ieleze riba mpya kwa lugha inayoeleweka. Ukiipata barua hiyo usiiweke kabatini. Jibu kwa maandishi ukiuliza mambo mawili: awamu yangu mpya ni kiasi gani, na tarehe yangu ya kumaliza ni ipi sasa.

Wenye umri wangu wanakumbuka kwamba haya si mageni. Pale penye makutano ya Barabara ya Kenyatta na Mtaa wa Koinange lipo jengo la Rehani House, ambalo kwa miaka mingi limekuwa makao ya Housing Finance, kampuni iliyoundwa mwaka 1965 ili Wakenya wapate mikopo ya nyumba. Jina hilo lilichaguliwa vizuri, kwa maana rehani ni kitu unachokiacha mikononi mwa mwingine hadi utakapokikomboa, na hivyo ndivyo ilivyo hatimiliki yako. Miaka ya mwanzo ya 1990, baada ya uchaguzi wa 1992 na pesa kujaa mitaani, serikali ilipandisha riba ya hati zake ili kuvuta pesa hizo, na riba ya mikopo ikavuka asilimia 30. Familia zilizokuwa zimekopa kwa kiwango cha kawaida zikapoteza nyumba kwa madalali. Kumbukumbu hiyo ndiyo iliyozaa mswada wa Joe Donde, Mbunge wa Gem, mwaka 2000, ambao ulikwama mahakamani, na baadaye sheria ya Septemba 2016 iliyozuia benki kutoza zaidi ya asilimia nne juu ya kiwango cha Benki Kuu. Hiyo ya pili ilifutwa Novemba 2019, kwa sababu benki ziliacha kuwakopesha watu wadogo zikakimbilia kuikopesha serikali. Sidhani kizuizi kile kilikuwa dawa. Lakini nawaelewa vizuri sana wabunge waliokipigia kura.

Gharama za kuingia nitazipitia haraka. Ushuru wa stempu mjini ni asilimia 4 ya thamani, kwa hiyo fleti ya milioni 10 inadai 400,000 kabla hujabeba hata kiti. Kuna ushuru mdogo wa asilimia 0.1 kwa kuandikisha rehani yenyewe, ada ya benki ambayo mara nyingi ni asilimia 1 ya mkopo, mthamini, wakili wako, na wakili wa benki ambaye pia unamlipa wewe. Jumla inapita 700,000 bila shida. Kisha kuna bima ya maisha na ya moto kila mwaka, na ada ya huduma ya jengo kwa ajili ya lifti, kisima, jenereta na walinzi. Ikiwa ada hiyo ni 10,000 kwa mwezi, kwa miaka 20 ni milioni 2.4, nayo haijawahi kushuka katika jengo lolote ninalolijua.

Kuna nafuu mbili ambazo watu huziacha mezani. Ya kwanza ni ya kodi. Ukiishi katika nyumba yenyewe, unaruhusiwa kuondoa riba ya mkopo kwenye mapato yanayotozwa kodi, na tangu mwisho wa Desemba 2024 kikomo ni shilingi 360,000 kwa mwaka, kutoka 300,000. Kwa anayetozwa asilimia 30, hiyo ni 9,000 kwa mwezi. Mhandisi wangu hakuwa amewahi kumpelekea mwajiri wake cheti cha riba, kwa miaka yote mitano.

Ya pili ni kwa mwenye kipato cha kadiri. Kampuni ya KMRC, iliyoundwa 2018 na kupewa leseni na Benki Kuu 2020, huzipa benki na sacco pesa za muda mrefu kwa bei nafuu ili nazo zikopeshe kwa riba ya tarakimu moja isiyobadilika. Ilianza na kikomo cha mikopo ya milioni 4 kwa Nairobi na viunga vyake. Mkopo wa milioni 4 wa miaka 20 kwa asilimia 9.5 una awamu ya karibu 37,300. Kwa asilimia 14 ungekuwa 49,700. Tofauti hiyo ndiyo mstari kati ya mwalimu anayeweza kununua Uthiru au Kinoo na yule asiyeweza. Nchi hii ya watu zaidi ya milioni 50 ina mikopo ya nyumba takriban 30,000 tu, na wengi waliobaki hujenga ukuta kwa ukuta kwa mikopo ya sacco. Siwaiti wajinga wanaojenga hivyo. Wanakwepa miaka ile mitano ya kwanza.

Narudi kwa mteja wangu. Nilimuuliza kama ana akiba. Alikuwa na shilingi 500,000 alizoziweka kwa ajili ya gari. Tukapiga hesabu. Akizitia kwenye mkopo leo, na akaendelea kulipa 99,482 zilezile, miaka 15 iliyobaki inakuwa miaka 12 na miezi mitatu. Miezi 33 inafutika, awamu zenye thamani ya shilingi milioni 3.3. Lakini benki hukuuliza, au huamua bila kukuuliza: tupunguze awamu, au tupunguze muda? Wakipunguza awamu, inashuka hadi kama 92,800, na kwa miaka 15 ataokoa milioni 1.2 tu. Pesa ni zilezile, siku ni ileile, tofauti ni sentensi moja kwenye barua.

Tuliiandika barua hiyo pamoja, pale mezani. Aliisoma mara mbili, akaongeza kwa mkono wake "muda upunguzwe, awamu isibadilishwe", akaomba jedwali jipya la malipo lenye tarehe ya mwisho, kisha akashuka ngazi kuipeleka kabla benki haijafunga.