Je, Wajua? Marakuja yatosha badala ya siki

Nguruwe wa tamu na chachu, chakula maarufu cha Guangdong, kusini mwa China, anaweza kupikwa Kitshanga bila tone la siki. Uchachu uko sokoni: marakuja. Tunda hili asili yake ni Amerika Kusini, lakini Kivu Kaskazini limeshakuwa mwenyeji, na asidi yake ya sitriki ndiyo hiyo hiyo iliyomo kwenye limau.

Mchuzi hausumbui: maji ya marakuja yaliyochujwa mbegu, nyanya, tangawizi, chumvi, sukari. Onja kwanza ndipo utie sukari, maana marakuja yaliyokunjamana ganda huwa matamu zaidi.

Kazi ni nyama. Kwanza, ukiona ndani ya nyama mbichi vifuko vyeupe kama punje za mchele, usinunue. Hayo ni mabuu ya tegu. Na hata iliyo safi lazima iive hadi ndani. Milimani maji huchemka kabla ya kufika nyuzi 100: Goma, iliyo mita kama 1,500 juu ya usawa wa bahari, huchemka karibu na nyuzi 95. Ndiyo sababu maharagwe yanamaliza makala. Mafuta hayajali mlima, hupita nyuzi 160 popote. Basi kata vipande vidogo, vipake unga wa muhogo, vikaange hadi vikauke. Mchuzi umwage mwishoni kabisa, la sivyo vitalegea.

Mgeni akiwa Mwislamu au Msabato, chinja kuku.