Mashine ya Michezo Iliyofunguliwa: Je, Wajua Kilichomo?

Tuseme wewe ni mzazi wa hapa Mabawe. Msimu wa kahawa umekwisha, fedha kidogo zimepatikana, na mwanao aliyefanya vizuri shuleni anakuomba kitu kimoja tu: mashine ya michezo ya televisheni, ile ambayo watoto huiita gemu. Unakwenda Ngara mjini, au labda unamwagiza ndugu yako aliye Mwanza. Muuzaji anatoa PlayStation iliyokwisha kutumika, anaipangusa vumbi, na kukuambia kwa furaha, "Chukua hii, mzee. Hii imefunguliwa. Michezo yote bure!" Unalipa, unashukuru, unakwenda zako.

Je, umenunua nini? Neno lile "imefunguliwa" maana yake nini? Ni nani aliyeifungua, naye alitia nini ndani? Mambo hayo ndiyo tutakayozungumza nawe leo. Umeme unapofika kijijini, televisheni hufuata, na nyuma ya televisheni huja mashine hizi. Siyo kitu cha watu wa Dar es Salaam peke yao.

Mlinzi wa mlangoni

Kwanza yafaa ujue jinsi mashine hii inavyofanya kazi. PlayStation ya kwanza iliuzwa huko Japani tarehe 3 Desemba 1994. Waliyoiunda walijua kwamba watu watanakili diski za michezo kama walivyonakili kanda za muziki. Kwa hiyo wakaweka mlinzi mlangoni. Katika kila diski ya halali walitia alama ya siri, yaani herufi nne ambazo mashine ya kawaida ya kunakili haiwezi kuziandika. Diski ikiingizwa, mashine huzitafuta herufi hizo. Ikiziona, mchezo unaanza. Isipoziona, diski inakataliwa.

Mlinzi huyu alikuwa na kazi ya pili. Herufi za Japani hazikuwa sawa na za Marekani, wala za Marekani hazikuwa sawa na za Ulaya. Basi mtu aliyenunua mashine iliyotoka Japani, kisha akapata diski iliyotoka Ulaya, alikataliwa ingawa diski yake ilikuwa ya halali na aliilipia. Kwa sisi ambao mitumba yetu hutoka pande zote za dunia, jambo hili lilikuwa taabu kweli.

Mafundi wakatafuta njia. Wakaunda chipu, kidude kidogo kisichozidi sana punje ya haragwe, ambacho hulehemiwa ndani ya mashine kwa nyaya nyembamba. Kazi yake ni moja: kumnong'oneza mlinzi zile herufi nne wakati wote. Mlinzi husikia neno la siri, asijue ni nani alisemaye, akafungua mlango. Huko ndiko kufunguliwa kwenyewe. Baadaye, kwa PlayStation 2 iliyotoka mwaka 2000, ikapatikana njia ya kutumia memori kadi iliyotiwa programu, bila kufungua hata skrubu moja. Na baadhi ya mashine zilizofuata hufunguliwa kwa programu tu, ambayo hupita kwenye flashi au kwenye intaneti.

Kwa nini watu huzifungua?

Tusiwahukumu watu kabla ya kuwasikiliza. Wengine huzifungua kwa sababu ya bei, maana diski moja mpya ya halali yaweza kuzidi mapato ya siku nyingi za mkulima. Wengine, kama tulivyosema, wanataka tu kucheza diski waliyoinunua kwa haki. Tena wako wapendao kuuongeza mchezo wenyewe. Huko Brazili, kwa mfano, kwa miaka mingi vijana wamekuwa wakibadilisha mchezo wa mpira wa PlayStation 2, wakiingiza timu za kwao na wachezaji wa msimu mpya, hata mashine ile ya zamani imebaki kupendwa ingawa kiwanda kiliacha kuitengeneza mwaka 2013.

Wala siyo kila mara mwenye kiwanda amekuwa mtu wa haki tupu. Kampuni ya Sony ilipotoa PlayStation 3 mwaka 2006, iliwaruhusu wenye mashine kuitumia pia kama kompyuta ya kawaida. Jeshi la Anga la Marekani liliunganisha mashine hizo zaidi ya 1,700 zikawa kompyuta moja kubwa. Lakini Aprili 2010 Sony iliiondoa ruhusa hiyo kwa wale waliokubali programu mpya. Watu walikasirika, wakasema, "Kitu nimekinunua, mbona wanipokonya nusu yake?" Desemba ya mwaka ule ule, wataalamu fulani walionyesha hadharani huko Berlin kwamba kufuli la mashine lilikuwa na kosa. Januari 2011 Mmarekani George Hotz akautangaza ufunguo wake. Sony ilimshtaki, na mwezi wa Aprili ikatangazwa kwamba wamepatana.

Basi iko hoja kwa upande wa anayefungua. Lakini, msomaji, lishike neno hili moja: mlinzi akishadanganywa, hamlindi tena mtu yeyote. Alipokuwa akikukatalia wewe, alikuwa akiwakatalia wengine pia. Mlango ulioufungua ili upite wewe, umewafungulia wote walioko nje.

Mashine iliyokufa mchana kweupe

Hatari ya kwanza ni kwa mashine yenyewe. Kulehemu nyaya nyembamba kama nywele si kazi ya kila mwenye pasi ya kulehemia. Waya mmoja ukigusa pasipotakiwa, jicho la kusomea diski laweza kuungua, au mashine nzima ikazimika isiwake tena.

Wale wasemao, "Siku hizi hatufungui skrubu, twatia programu tu," nao wajihadhari. Programu ikiwa inaandikwa katika moyo wa mashine, umeme ukikatika katikati, mashine hubaki na maandishi nusu. Haijui kuwaka wala kujirekebisha. Maporomoko ya Rusumo, yaliyo katika wilaya yetu hii hii ya Ngara, sasa yanazalisha umeme wa megawati 80 kwa Tanzania, Rwanda na Burundi. Hata hivyo kila mwenye taa nyumbani anajua kwamba mvua ikija na radi, taa yaweza kuzimika bila kupiga hodi.

Tena, programu yenyewe yaweza kuwa mwongo. Oktoba 2005 ilitokea programu moja iliyojidai kuifungua PSP, mashine ndogo ya mkononi ya Sony. Mtu alipoiingiza, ikafuta mafaili ambayo mashine huyahitaji ili iwake, ikaigeuza kuwa kama tofali. Aliyeitengeneza hakuhitaji kuvunja nyumba ya mtu. Wenyewe walimkaribisha ndani, wakidhani ni rafiki. Flashi inayopita kutoka kibanda hiki hadi kibanda kile, nani ajuaye imebeba nini?

Umeme haujui mtoto wala fundi

Hatari ya pili ni ya uhai. Mashine nyingi za Japani zilitengenezwa kwa umeme wa volti 100. Umeme wetu ni wa volti 230. Ukiichomeka PlayStation 2 ya Japani ukutani bila transfoma ya kupunguza nguvu, huenda ukasikia mlio na kunusa moshi kabla hujaona picha. Tazama kibandiko kilicho nyuma ya mashine, usome volti zake kabla ya kulipa.

Na mwanao mwenye bisibisi mkononi umwonye. Ndani ya sehemu inayopokea umeme mna vifaa viitwavyo kapasita, ambavyo huhifadhi umeme. Hata waya ukichomolewa ukutani, umeme ule hukaa humo kwa muda. Mtoto adhaniaye mashine imelala aweza kupigwa nayo.

Chumba kilichofungwa bila kufagiwa

Hatari ya tatu inawahusu wazazi hasa. Huenda umewasikia vijana wakitaja mchezo uitwao San Andreas. Ulitoka Oktoba 2004 kwa PlayStation 2. Tangu mwanzo haukuwa mchezo wa watoto, maana umejaa bunduki na wizi, na huko Marekani uliandikwa kuwa ni wa watu wa miaka 17 na zaidi. Lakini waliouunda walikuwa wameacha ndani yake sehemu ya mambo ya chumbani, wakaifungia isionekane. Walifunga chumba, hawakukifagia.

Juni 2005 mtu mmoja wa Uholanzi alitoa kipande cha programu kilichokifungua chumba kile katika mchezo wa kompyuta. Muda si muda ikajulikana kwamba uchafu ule ule umo ndani ya diski za PlayStation 2, na kwamba kifaa cha kuingizia namba za siri chatosha kuufungua. Tarehe 20 Julai 2005 bodi ya Marekani inayopima michezo iliupandisha daraja ukawa wa watu wazima tu, na maduka makubwa yakauondoa rafuni. Baadaye wenye mchezo walitoa toleo jingine lisilo na sehemu ile.

Jifunze nini hapo, ewe mzazi? Kwamba alama ya umri iliyo juu ya kasha hupimwa kwa mchezo kama ulivyotoka kiwandani. Mchezo ukishabadilishwa, alama ile haina kazi tena. Katika mashine iliyofunguliwa mara nyingi hakuna hata kasha. Kuna orodha ndefu ya majina tu, na hakuna aliyekwisha kuyapitia yote, hata muuzaji mwenyewe.

Mtandao na sheria

Hatari ya nne huwapata wale wachezao na wenzao kwa njia ya intaneti. Novemba 2009 kampuni ya Microsoft iliwafungia mlango wa mtandao wake wenye mashine nyingi za Xbox 360 zilizobadilishwa. Na Mei 2025 kampuni ya Nintendo iliandika katika mapatano yake na wanunuzi wa Marekani kwamba mashine ikichezewa kinyume cha masharti, kampuni yaweza kuifanya isitumike tena kabisa. Anayenunua mashine kuukuu hubeba makosa ya mwenyewe wa kwanza bila kujua.

Kuhusu sheria, nchi hazikuwa na mawazo mamoja. Mwaka 2005 mahakama ya juu kabisa ya Australia ilimpa haki mtu wa Sydney aliyekuwa akiuza chipu za PlayStation, ingawa baadaye sheria ya huko ilibadilishwa. Lakini Februari 2022 mahakama ya Marekani ilimhukumu Gary Bowser, raia wa Kanada, kifungo cha miezi 40 kwa kushiriki katika kundi lililouza vifaa vya kufungulia mashine, tena akatakiwa kulipa mamilioni ya dola. Jirani zetu wa Kenya, katika sheria yao ya hakimiliki ya mwaka 2001, wamekataza kuzunguka kinga iliyowekwa ili kuzuia kunakili. Hapa Tanzania Sheria ya Hakimiliki na Hakishiriki ya mwaka 1999 inazilinda programu za kompyuta kama inavyolinda vitabu, na kuzinakili kwa kuuza bila ruhusa ni kosa.

Tena sheria hii siyo kwa faida ya Wajapani peke yao. Mwanamuziki wetu akiona wimbo wake unauzwa kwenye flashi bila yeye kupata senti, hulia. Kilio chake na cha aliyetunga mchezo ni kimoja.

Basi tufanyeje?

Hatusemi uinyime nyumba yako furaha. Mchezo wa mpira kwenye televisheni, baba na mwana wakishindana jioni kazi zikiisha, ni jambo jema. Twasema hivi tu: uliza kabla ya kulipa. Muulize muuzaji kama imefunguliwa, nani aliifungua, kwa chipu au kwa programu, na itumie volti ngapi. Mwambie aiwashe mbele yako, aizime, aiwashe tena. Asipotaka kujibu, amekwisha kujibu.

Ikiwa imefunguliwa tayari na imo nyumbani, kaa na mwanao siku moja, mpitie orodha yote ya michezo, na ile isiyofaa ifutwe. Usipokee programu mpya kutoka kwa kila mpita njia. Mashine iwe sebuleni ambako watu hupita, siyo chumbani mlango ukiwa umefungwa.

Na kama mwanao ndiye afunguaye, yaani ndiye mwenye bisibisi na hamu ya kujua kilichomo, usimpige. Hamu ile ni mali. Mpeleke kwa fundi mwaminifu, au umtafutie nafasi katika chuo cha ufundi kama vile vya VETA, ajifunze umeme na kompyuta kwa utaratibu. Huenda kesho yeye ndiye atakayetunga mchezo, na siku hiyo atamhitaji mlinzi mlangoni.

Wazee walisema, kuuliza si ujinga. Ujinga ni kubeba nyumbani sanduku ambalo mtu mwingine amelifungua, usijue aliacha nini ndani.